Mzee Ladislaus Kaijage na Habari za Psie Pole

Padri wetu, ndugu, majirani, na ninyi mliosafiri kwenye theluji kutoka Louisville na Columbus: familia inawashukuru. Kabla jeneza halijatoka hapa kanisani Buffalo, tumepewa nafasi ya kueleza Mzee Ladislaus Kaijage alikuwa nani. Anayewasomea ni mkwewe, Mwita, mume wa Belinda, kwa sababu Mzee mwenyewe ndiye aliyempa kazi hii. Mwezi wa Desemba, akiwa kitandani, alimwita akamwambia, "Siku hiyo usiwasomee vyeo vyangu. Ni vichache, na vyote vimechacha. Wasomee habari za Psie Pole."

"Zote, Baba?"

"Zile unazozikumbuka. Nimekusimulia tangu ulipokuja kuposa. Kama hukushika kitu, basi nilikuwa najisemea tu."

Kwa hiyo mtuvumilie. Mahali fulani tutapita haraka, na mahali fulani tutakaa, kama alivyokuwa akikaa yeye mpaka chai ikapoa.

Ladislaus alizaliwa Kashozi, Bukoba, tarehe 27 Juni 1955, mtoto wa tatu wa Mzee Gaudiosi Kaijage, katekista na mkulima wa kahawa, na Mama Delfina. Siku hiyo ilikuwa sikukuu ya Mtakatifu Ladislaus, na padri wa misheni hakuhangaika kutafuta jina jingine. Nyumbani halikutamkika vizuri, wakamwita Laadi mpaka alipoota ndevu. Ndugu zake wanakumbuka kwamba alikuwa mtoto wa maswali. Akitumwa kwa jirani alichelewa kurudi, kwa sababu alikaa kumuuliza yule jirani shamba lake lilikuwa la nani zamani, na huyo wa zamani alikwenda wapi. Mama Delfina alimchapa kwa ajili ya hilo, lakini tabia haikumtoka.

Alisoma shule ya msingi Kashozi, kisha sekondari ya Ihungo, kisha akaenda Jeshi la Kujenga Taifa. Mwaka 1977 alipata ufadhili wa serikali kwenda kusoma Poland. Mwaka wa kwanza alikaa Łódź kujifunza lugha, na mwezi Oktoba 1978 akaingia chuo cha ufundi katika mji wa Wrocław kusomea uhandisi wa mitambo. Alikuwa na miaka ishirini na mitatu, na koti lake la kwanza la baridi lilikuwa la mtu mnene aliyefariki. Mwaka wa tatu alipelekwa kufanya mazoezi ya vitendo katika kiwanda kilichokuwa pembezoni mwa mji, upande wa kaskazini-mashariki, mahali panapoitwa Psie Pole. Bweni lilikuwa mbali. Fundi mmoja wa kiwandani akamwambia mama yake ana chumba kinachokaa bure.

Mama huyo aliitwa Pani Helena. Neno "pani" kwa Kipolandi ni kama sisi kusema Bibi. Alikuwa mjane mfupi, mwenye mikono mipana ya mtu aliyefua nguo za watu maisha yake yote. Alifungua mlango, akamtazama kijana mweusi mwenye sanduku, akamuuliza jina.

"Ladislaus."

Bibi wa watu alicheka mpaka akakaa kwenye ngazi. Kwa Kipolandi jina hilo ni Władysław, na kwa mkato Władek, na ndilo lilikuwa jina la marehemu mumewe. "Nimemzika Władek," alisema akijifuta macho, "na Mungu ameniletea mwingine. Na wewe unakunywa?"

Ladislaus akasema anakunywa kidogo.

"Basi ni yuleyule," alisema, akamwingiza ndani, akampa supu ya bitiruti.

Katika nyumba ile ndimo alimozijua habari za Psie Pole. Maana ya jina hilo ni Uwanda wa Mbwa. Watu wa pale husimulia kwamba zamani sana, zaidi ya miaka mia tisa iliyopita, jeshi la Wajerumani lilipigwa hapo na Wapolandi, na wafu wakawa wengi hata mbwa wakaja kuwala. Pani Helena alisema hajui kama ni kweli, lakini mahali penye jina la namna ile huwezi kutegemea pakuletee raha. Palikuwa mji mdogo unaojitegemea, wenye soko lake na kanisa lake la Mtakatifu Yakobo, tangu karne ya kumi na tatu. Mwaka 1928 mji mkubwa ukaumeza ukawa kitongoji chake. Wakati huo nchi ile ilikuwa ya Wajerumani, na jina la mahali lilikuwa Hundsfeld. Vita Kuu ya Pili ilipokuja, palikuwa na kiwanda cha silaha ambacho watu waliotekwa walilazimishwa kukifanyia kazi. Vita ilipokwisha, wakubwa walioshinda walisogeza mipaka ya nchi kwenye ramani. Wajerumani wa Hundsfeld wakaambiwa waondoke na mizigo wanayoweza kubeba. Nyumba zao zikapewa Wapolandi waliofukuzwa kutoka mashariki, ambako nchi yao nayo ilikuwa imepewa wengine.

Pani Helena alikuwa mmoja wao. Kwao kulikuwa kijiji karibu na mji wa Lwów. Aliletwa na treni ya mizigo mwaka 1946, akiwa na mume, ng'ombe mmoja na mtoto mchanga. Walipoingia katika nyumba waliyogawiwa walikuta kitanda kimetandikwa, na kabatini vikombe vyeupe vyenye ukingo wa buluu. Hakuvitumia. Ladislaus alipomuuliza sababu, alijibu, "Si vyangu. Mwenyewe akirudi atavikuta." Vilikuwa vimekaa pale zaidi ya miaka thelathini. Wengi pale mtaani, alisema, waliishi hivyo miaka mingi, masanduku hayajafunguliwa yote, hawapandi mti wa matunda kwa sababu utamzalia nani. Wenye nyumba wangeweza kurudi kesho. Au wao wenyewe wangerudishwa kwao. Hakuna aliyerudi, wala aliyerudishwa, na watoto wao wakazeeka hapohapo.

Nyuma ya kanisa kulikuwa na kipande cha makaburi ya zamani ya Wajerumani. Nyasi zilikuwa zimeyafunika na mawe mengine yameanguka. Wapolandi wana desturi ya kwenda makaburini siku ya Watakatifu Wote, tarehe mosi Novemba, kuwasha mishumaa. Pani Helena alikuwa na kaburi moja tu pale Psie Pole, la Władek wake. Wazazi wake, dada zake na mtoto wake wa kwanza walilala kule mashariki, ambako hakuna aliyebaki wa kuwawashia. Kwa hiyo kila mwaka alinunua mishumaa ya ziada, akaenda katika makaburi ya wale Wajerumani asiowajua, akawasha kila alipoona jiwe la mtoto. Mwaka 1980 Ladislaus alimbebea kikapu. Majirani wengine hawakupenda jambo lile. Mama mmoja aliwapita akasema kwa sauti ya kusikika, "Hao walituua, na wewe unawawashia taa." Pani Helena hakugeuka. Alimwambia Ladislaus, "Leta kiberiti. Huyu alikuwa na miaka minne."

Majira ya kuchipua yaliyofuata tingatinga lilikuja. Mji ulikuwa unapanuka, yalijengwa maghorofa ya wafanyakazi, na makaburi yale yakaondolewa. Ladislaus aliyaona mawe yakipakiwa kwenye lori. Pani Helena alisimama dirishani na aproni yake mpaka lori likaondoka, kisha akarudi kumenya viazi. Mwezi Desemba mwaka huohuo, 1981, jeshi lilishika nchi, simu zikakatwa, na watu wa kiwandani wakawa hawasemi kitu mbele ya mtu. Ladislaus alimaliza masomo mwaka 1983 akarudi nyumbani. Siku ya kuagana Pani Helena alimfungia mkate na kumwambia asiandike barua ndefu kwa sababu macho yake ni mabovu. Alifariki mwaka 1993. Habari zilimfikia Ladislaus Mwanza baada ya miezi mingi, na mkewe, Mama Anjelina, anasema siku hiyo hakwenda kazini.

Mwanza alikuwa mhandisi katika kiwanda cha nguo. Tarehe 30 Agosti 1986 alifunga ndoa takatifu na Anjelina, mwalimu, katika kanisa la Kashozi. Walijaliwa watoto wawili: Belinda mwaka 1988, na Gaudiosi mwaka 1991. Kiwanda kilifungwa mwaka 1996. Kwa miaka mitano Mzee alitengeneza pampu na mashine za kusaga za watu, na mwaka 2001, kwa bahati nasibu ya viza, akaja Marekani na mkewe na Belinda. Gaudiosi alibaki kwa babu na bibi ili amalize shule, na mipango ya kumleta ikakwama, hakuja. Jambo hilo Mzee hakulizungumza.

Louisville walikaa miaka saba. Shahada ya Poland haikumsaidia, akawa mpakiaji wa mizigo. Mwaka 2006 shehena ilimwangukia ikamvunja mguu mahali pawili. Alikuwa bado amelazwa, vyuma mguuni, simu ilipokuja kwamba Mama Delfina amefariki Kashozi. Belinda ndiye aliyemshikia simu sikioni ili asikilize mazishi. Alisikiliza tangu mwanzo mpaka sauti ya udongo, akarudisha simu, akaomba apewe ukuta, maana yake wamgeuze upande.

Mwaka 2008 walihamia Columbus, wakapanga mtaa wa Whitehall, na Mzee akapata kazi ya kuhudumia mitambo katika kiwanda cha plastiki. Hiyo ilikuwa miaka yake ya afadhali. Mwita alipokuja kuposa mwaka 2011, alitegemea kuulizwa ukoo na kazi. Mzee alimuuliza, "Ninyi mlioko Tarime, kabla yenu pale alikaa nani?" Mwita hakujua. "Rudi ukaulize wazee wako," alisema Mzee, "kisha tutazungumza." Mwita alipiga simu nyumbani, na ndoa ikaendelea.

Walihamia Buffalo kwa sababu ya msiba. Mwaka 2015 rafiki yake aliyesoma naye Wrocław, Theogene Gatsinzi, alifariki hapa, na Mzee akaja kumzika. Baada ya mazishi aliingia kwenye duka la mikate upande wa mashariki wa mji akawasikia wazee wawili wakibishana kwa Kipolandi kuhusu soseji. Aliporudi Columbus alimwambia mkewe, "Anjelina, tuhamie Buffalo."

"Kuna nini Buffalo?"

"Kuna watu wa kuongea nao."

Mama alidhani ni huzuni ya msiba itapita. Haikupita. Kabla mwaka haujaisha walikuwa na nyumba karibu na Bailey Avenue, na Mzee amejua tayari ni akina nani walioijenga na ni akina nani waliohama majirani weusi walipoanza kuingia. Alipata kazi katika nyumba ya kutunzia wazee huko Cheektowaga, mwanzo akitengeneza vitanda na mabomba, baadaye, alipopata mafunzo, akiwahudumia wazee wenyewe.

Hapo alikutana na Bibi Hedwig.

Ilikuwa mwaka 2018. Bibi Hedwig alikuwa na miaka themanini na saba, amefiwa na mume, hana mtoto. Mwili ulikuwa umechoka lakini akili ilikuwa timamu. Siku alipoletwa, muuguzi alimuuliza alizaliwa wapi. Akasema, "Hundsfeld." Muuguzi akamwomba arudie. Mzee alikuwa chini ya sinki na bisibisi yake. Alinyanyuka akasema, kwa furaha tu, bila kufikiri, "Psie Pole!"

Bibi alimtazama, uso ukabadilika. Alielewa neno lile. Alikuwa amelisikia mara ya mwisho akiwa msichana wa miaka kumi na mitano, likipigiwa kelele na askari. Aliuliza, "Wewe umelijulia wapi jina hilo?" Mzee akaeleza kwamba alikuwa mwanafunzi, alipanga kwa mama mmoja aliyetoka mashariki baada ya vita, akapewa nyumba.

"Hakupewa," alisema Bibi Hedwig. "Aliiba." Akamwambia muuguzi kwamba hataki mtu yule amguse.

Mzee alikubali. Kwa muda mrefu alihudumia vyumba vingine akapita mlango ule bila kuingia. Cibalonza, jirani yetu Mkongomani aliyefanya naye kazi zamu moja, ndiye aliyemwambia Mama kilichotokea. Kisha siku moja, baada ya chakula cha mchana, Cibalonza alikuja kumwita. "Mzee, ule mama wa chumba ya mwisho anakuita. Anasema akuje ule mutu wa Hundsfeld."

Bibi Hedwig alikuwa ameketi akitazama maegesho ya magari. Hakuomba radhi. Alimuuliza kama kanisa lipo. Mzee akasema lipo, akalieleza mnara wake. Akauliza soko, na njia inayoshuka mtoni, na kama majira ya baridi watoto wanateleza bado kwenye barafu pale. Mzee alijibu kila kitu alichokijua, na asichokijua akasema hajui. Wakawa wanazungumza hivyo kila zamu ya Mzee, chai ikiletwa na kupoa. Nyumba ya kina Hedwig haikuwa ile ya Pani Helena. Ilikuwa upande wa pili wa kanisa. Mzee aliukumbuka mtaa lakini si nyumba, na hakujifanya kuikumbuka.

Siku moja mwezi Novemba Bibi alimuuliza jambo ambalo Mzee alikuwa analiogopa tangu mwanzo. "Nyuma ya kanisa kuna makaburi. Mdogo wangu yuko pale, Dieter. Alikufa kwa ugonjwa wa koo, majira ya baridi kabla hatujaondolewa. Baba alimtengenezea jeneza kwa mlango wa kabati. Ulipata kuyaona?"

Mzee alisema kengele ya mgonjwa mwingine imelia, akatoka. Alikuja nyumbani hajavua viatu, akamweleza Mama.

"Mwambie yapo," alisema Mama. "Baba Belinda, huyo bibi anakufa. Atakwenda kuhakikisha?"

"Hatakwenda."

"Basi utampunguzia nini ukimwambia lori liliyabeba?"

"Sijui," alisema Mzee. "Lakini amekaa miaka sabini na zaidi hana mtu wa kumuuliza. Mimi ndiye wa kwanza. Nikimdanganya, hana mwingine."

Mama alimwambia kwamba ukweli mwingine ni ukatili tu. Wakalala hawajakubaliana, na kwa haki tuseme hawakukubaliana mpaka mwisho.

Kesho yake Mzee aliingia chumbani kwa Bibi Hedwig kabla ya kuanza kazi, bado ana koti. Alimwambia kwamba makaburi hayapo tena, aliona kwa macho yake yakiondolewa, mwaka 1981. Bibi Hedwig alifumba macho. Mzee akaendelea. Alimwambia kwamba majira ya kupukutika majani ya mwaka uliotangulia, yule mama aliyepewa nyumba alikwenda pale na kikapu cha mishumaa, na kwamba yeye Ladislaus alikuwa amekibeba. Kwamba yule mama hakuweza kulifikia kaburi la mtoto wake lililokuwa mashariki, kwa hiyo aliwasha kwenye kila jiwe la mtoto aliloliona.

"La Dieter?"

"Sijui kama lilikuwa lake. Siwezi kukuambia ndiyo. Mawe mengine majina yalikuwa yamefutika. Alikuwa na miaka mingapi?"

"Minne. Alikuwa na miaka minne."

Mzee alikaa kwenye kiti cha wageni, akalia, koti bado mwilini, na Bibi Hedwig ndiye aliyesogeza boksi la tishu. Baadaye sana akauliza, "Yule mwizi aliitwa nani?"

"Helena."

Alilirudia jina lile kwa upole, kama mtu anayejifunza neno. Hakusema amesamehe. Alifariki mwezi Machi 2019, na kutoka kwenye nyumba ile ya wazee ni Mzee na Cibalonza tu waliokwenda kumzika.

Habari hiyo Mzee aliisimulia mezani kwake Jumapili moja, na Marcellin Bagula, mume wa Cibalonza, akaweka kijiko chini. Wengi mnamjua Marcellin. Kwao ni Kalehe, Kivu, na mnajua vita ilivyomtoa. Alisema, "Mzee, bon, miye sielewe. Ule mama wa Pologne alilalaka aje mu nyumba ya batu? Leo kuko batu mu nyumba yangu kule. Banalala mu kitanda yangu. Unataka niseme nabo banateswa?"

"Sitaki useme chochote, Marcellin."

"Donc unasimuliaka ju ya nini?"

Mzee akasema, "Hakulala vizuri. Nilikuwa chumba cha pili, nilikuwa namsikia akitembea. Hilo tu ndilo ninalolijua."

Marcellin aliondoka bila kuaga, na hakuja tena kwa miezi mingi. Aliporudi, Mzee alikuwa mgonjwa.

Ugonjwa wenyewe ulikuwa sukari, aliyokuwa nayo tangu Columbus, ikaingia kwenye figo. Kuanzia Aprili 2022 alisafishwa damu kwa mashine mara tatu kwa wiki. Mama hana leseni, Belinda na Mwita walikuwa kazini, na aliyempeleka na kumrudisha, karibu miaka minne, ni Marcellin, akitoka zamu ya usiku ghalani bila kulala. Familia haina neno la kumlipa. Marcellin anasema garini mara nyingi Mzee alimwomba amweleze Kalehe, nyumba hadi nyumba, ni nani alikaa wapi, na Marcellin akamweleza yote.

Mwezi Oktoba mwaka jana madaktari walisema moyo nao umechoka. Hapo lilitokea jambo ambalo limetuumiza, na Mzee alitaka lisemwe. Mhaya huzikwa kwao, shambani, katikati ya migomba, karibu na baba yake. Nafasi yake Kashozi inajulikana. Mwezi Desemba alituita akasema azikwe Buffalo.

Mdogo wake, Baba Mdogo Rugambwa, alilia kwenye simu. "Kaka, tutamwambia nini baba pale kaburini?"

"Mwambie nilimheshimu," alisema Mzee. "Rugambwa, wewe una miaka sitini na saba. Gaudiosi yuko Dodoma, watoto wako wako Dar. Baada yako nani atang'oa majani? Mimi nimeona lori likibeba mawe ya watu ambao watoto wao walikuwa mbali. Nizikeni mahali ambapo Belinda anaweza kufika na gari yake Jumapili."

Mama aliuliza, "Na mimi je? Mimi nataka kulala Kashozi."

"Basi utalala Kashozi."

"Na wewe huku peke yako?"

Mama alitoka chumbani, na kwa siku kadhaa alimhudumia kwa kila kitu bila kusema naye neno. Tunalisema hili mbele yenu kwa sababu hata leo asubuhi, tukivaa, Mama alisema kwamba hajakubali. Tunamzika Buffalo kwa sababu ndivyo alivyotaka, na tunamzika tukiwa tumeumia.

Siku ya mwisho ilikuwa Jumamosi, tarehe 17 Januari 2026. Tangu alfajiri alizungumza Kipolandi. Muuguzi alidhani ni Kiswahili, akatuuliza anasema nini, na sisi hakuna aliyejua. Mjukuu wake Delfina, mwenye miaka kumi na mmoja, alimshika kidole akamuuliza, "Babu, are you cold?" naye akamjibu kwa Kipolandi, kwa upole na kwa urefu, kana kwamba anampa maelekezo ya njia. Aliendelea hivyo mpaka kama saa nne. Kisha akanyamaza, akafungua macho, akamwona Mama. Akamuuliza kwa Kihaya, kwa sauti yake ya kawaida ya nyumbani, kama amekula.

Mama akamwambia amekula, ameshiba.

Mama hakuwa ametia kitu mdomoni tangu Alhamisi. Mzee aliitikia kwa kichwa, akafumba macho, na saa sita kasorobo akatutoka. Alikuwa na umri wa miaka sabini.

Ameacha mjane, Mama Anjelina; watoto, Belinda wa hapa Buffalo na Gaudiosi wa Dodoma, ambaye viza yake imekataliwa na anasikiliza ibada hii kwa simu; mkwe, Mwita; wajukuu, Delfina na Ladislaus mdogo; mdogo wake Rugambwa na dada zake wawili Kashozi; na Marcellin na Cibalonza Bagula, ambao aliagiza wasomwe pamoja na ndugu.

Mungu ampokee Mzee Ladislaus, ampe mahali ambapo hakuna atakayemhamisha tena, na hapo alale salama.